Nahodha Anazeeka: Mwongozo wa Kuanza Kucheza Sid Meier's Pirates!

Anayefungua Sid Meier's Pirates! kwa mara ya kwanza huwa na uchu wa mizinga. Huteka meli kubwa kupita zote anazokutana nazo, huijaza mabaharia hadi pomoni, kisha hutoka kutafuta ugomvi. Muda si mrefu mabaharia wamenuna, chombo hakiendi, na nahodha kashaota mvi ilhali jina lake halijulikani hata bandari mbili. Shabaha yake pengine ni nzuri. Kilichomponza ni kalenda. Katika mchezo huu mhusika wako huzeeka, na karibu kila ushauri nitakaoutoa hapa unahusu kuokoa miaka yake.

Tujue kwanza ni toleo gani. Mchezo wa asili ulitoka mwaka 1987 kwa kompyuta za Commodore 64, kazi ya kampuni ya Marekani ya MicroProse, na ndio wa kwanza kubeba jina la mbunifu wake, Sid Meier. Mwaka 2004 kampuni yake ya baadaye, Firaxis, iliutengeneza upya kwa Windows. Huo wa 2004 ndio unaouzwa mpaka leo kwenye maduka ya mtandaoni ya Steam na GOG. Unavaa uhusika wa kijana ambaye ndugu zake walitiwa utumwani na bwana mmoja aitwaye Marquis Montalban kwa ajili ya deni. Akishakua anaingia kazini melini, anakwenda Karibea, na kuanzia hapo maisha unayapanga mwenyewe: biashara, uharamia, kumtumikia mfalme, kuwasaka ndugu waliopotea, au yote kwa zamu.

Hauhitaji mashine ya gharama. Kompyuta iliyokusudiwa wakati ule ilikuwa na prosesa ya GHz 1 na RAM ya MB 256, kwa hiyo laptopu ya mtumba iliyotoka ofisini inautosha. Kabla ya kulipa, hata hivyo, tazama kibodi yako. Upanga, usukani na hata dansi vimepangwa juu ya vile vitufe vya namba vya upande wa kulia, na laptopu nyingi ndogo hazinavyo. Kibodi ndogo ya namba ya kuchomeka kwa USB huondoa shida hiyo. Wenye bando la kuhesabu watafaidi nakala ya GOG, maana faili la kusakinisha likishapakuliwa unaweza kulitunza kwenye flashi na kucheza bila intaneti. Malipo ni kwa kadi. Walioko Kenya wanaweza kutumia kadi pepe ya M-Pesa GlobalPay. Zile nakala za bure zinazozunguka kwenye flashi za watu usiziguse. Nyingi huja na virusi, na kwa mchezo wa umri huu bei halali wala haiumizi.

Mwanzoni utaulizwa taifa, kipindi, kiwango cha ugumu na kipaji. Mataifa ni manne: Uingereza, Ufaransa, Hispania na Uholanzi. Vipindi huanzia mwaka 1600, na mgeni asianze huko, kwa kuwa bandari karibu zote bado ni za Wahispania na pa kukimbilia ni pachache. Chagua 1660, uchukue Uingereza au Ufaransa. Kipaji cha upanga ndicho rahisi kukitumia. Mimi napendelea tiba: haina madoido, lakini humchelewesha nahodha kuchoka, na utakuja kuishukuru akishavuka makamo.

Sasa upepo, ambao ndio mwizi mkubwa wa muda. Aliyekulia pwani yetu amezoea kaskazi na kusi, kwamba ukingoja miezi upepo utageuka na chombo kitarudi kilikotoka. Karibea ya mchezo huu haigeuki. Upepo hutoka mashariki karibu wakati wote, kama ulivyo kweli kule, kwa hiyo kwenda magharibi ni kuteleza na kurudi mashariki ni kubisha kutwa kucha. Nahodha anayetoka Vera Cruz kwenda Barbados na merikebu nzito atamaliza miezi mizima njiani, huku chakula kikipungua na watu wakinung'unika. Panga safari zako kwa kuanzia mashariki, kwenye visiwa vidogo, ukishuka na upepo kuelekea Jamaika, Kuba na bara la Wahispania. Na uwe na chombo chepesi. Slupu ndogo hukubali kwenda joshi, hupenya maji mafupi, na katika vita huizunguka galioni mpaka galioni ikajuta. Meli kubwa ni nzuri kuziteka na kuziuza, basi.

Mabaharia nao wana kalenda yao. Hawali mshahara, wanangoja mgawo. Uvumilivu wao hutegemea mambo mawili: muda waliokaa baharini, na kiasi cha dhahabu kilichomo melini ukikigawa kwa kichwa. Ndiyo maana kujaza watu ni kujitafutia balaa, kwani wakiwa wengi fungu la kila mmoja linakuwa dogo hata kama kasha limejaa. Chukua wanaotosha kuendesha chombo na kupigana, hao wengine waache waendelee kunywa baani. Ukiona furaha yao imeanza kushuka na mfuko umenona, tia nanga ugawe. Ukigawa, mabaharia hutawanyika, meli zako nyingine huondoka, unabaki na ile moja kuu, na miezi kadhaa hupita kabla hujarudi baharini. Kwa kuwa miezi hiyo hairudi, usigawe kila baada ya ushindi mdogo. Kabla ya kugawa, pitia kwa mafundi wa meli bandarini utumie dhahabu hiyo ya pamoja kuboresha chombo: tanga za pamba, bamba za shaba za kufunika mkuku, mizinga ya shaba nyeusi. Vitu hivyo vitabaki na meli hata watu wakienda zao.

Kwa fundi huyohuyo ununue risasi za minyororo mapema kuliko kitu kingine. Tazama tofauti yake. Umeiona galioni ya Kihispania imejaa sukari, ina watu wengi kuliko wako. Ukiipiga kwa tufe za kawaida utatoboa ubavu, na ukizidisha itazama na sukari yake. Minyororo huchana tanga. Ikishapoteza tanga haikimbii wala haigeuki, nawe unakaa nyuma yake, upande ambao mizinga yake haikufikii. Hapo unabadili na kupiga vipande vidogo vya chuma, vinavyoua watu bila kuharibu chombo. Hesabu yao ikishuka karibu na yenu, gonganisha meli mpande. Manahodha wawili hukutana kwa panga: pigo la juu unainama, la chini unaruka, la kuchoma unalipangua. Usibonyeze ovyo. Mtazame bega mwenzio, ndipo ujibu. Kijana huimudu kazi hii kwa wepesi. Mzee mikono yake huchelewa, na utauona uzee huo kwenye skrini.

Magavana ni wa kuwatembelea, kwa sababu vyeo na mashamba hutoka kwao. Ukiwa na Waingereza na Hispania ikawa adui yao, kila meli ya Kihispania unayoteka inakupandisha machoni pa gavana wa Port Royal. Dansi na binti wa gavana ni sehemu ambayo wengi huidharau kisha ikawashinda. Yeye huashiria kwa mkono njia ya kupita, nawe wafuata kwa vitufe vya namba. Zima muziki wa chumbani uusikilize wa mchezo.

Kwa wazazi na walimu, neno moja la historia. Mchezo unawaweka Henry Morgan, Blackbeard na Jean Lafitte bahari moja wakati mmoja, ilhali Morgan alifariki mwaka 1688, Blackbeard akauawa 1718, na Lafitte ni mtu wa karne ya 19. William Kidd naye yumo, ingawa uharamia uliompeleka kitanzini London mwaka 1701 aliufanya Bahari ya Hindi, baada ya kupitia Komoro. Hayo ni madogo. Zito ni kwamba sukari inapanda na kushuka bei katika kila bandari, lakini Waafrika waliotekwa na kulazimishwa kuilima hawaonekani popote. Mtoto anayecheza aambiwe. Damu ni kidogo, na mhusika wako hafi: akishindwa hutupwa gerezani au kisiwani, na adhabu yake, kama ulivyokwishakisia, ni miezi iliyopotea.

Mwisho wa kazi ni kustaafu. Mchezo hujumlisha cheo, utajiri, ndoa, ndugu uliowaokoa na maharamia uliowashinda, kisha hukupangia maisha ya uzeeni, kuanzia ombaomba hadi gavana. Ngazi ya kwanza ya ugumu inafaa kwa kujifunza tu. Ukigawa ngawira utaulizwa kama unataka kupanda, nawe panda, maana juu fungu la nahodha ni kubwa zaidi na miaka uliyonayo ni ileile.

Anayetaka hadithi ndefu zaidi baada ya hapo ajaribu Pillars of Eternity II: Deadfire ya Obsidian, iliyotoka mwaka 2018. Nayo ina meli, mabaharia na visiwa, ila ni ya kusoma kurasa kwa kurasa za Kiingereza, na ile laptopu ya mtumba haitaiweza.