Chumba cha Giza na Istilahi za Sinema

Kwa Kilatini, kamera ni chumba tu. Ingia adhuhuri katika nyumba ya mabati hapa Minjila, ufunge mlango na madirisha: tundu la msumari paani hushusha sakafuni duara la mwanga, nalo ni taswira ya jua lenyewe. Yapata miaka 1,000 iliyopita, Ibn al-Haytham alieleza jinsi jua lililopatwa lipenyavyo tundu kama hilo likawa hilali. Taswira hiyo husogea, ila haihifadhiki. Sinema ilianzia upande wa pili. Mwaka 1832, kisahani cha Joseph Plateau kilionyesha kuwa michoro tuli ikipita upesi, jicho huona mwendo. Mwaka 1878, huko Marekani, Muybridge alimnasa farasi akimbiaye kwa kamera zilizopangwa safu. Kwa hiyo istilahi “picha zinazotembea” naiona ina kasoro: katika utepe wa filamu, hakuna picha itembeayo.