MAFUNZO KWA WANANCHI: KUFAHAMU GHARAMA ZA KUOMBA VIZA

Makala haya yanakusudia kuwaelimisha watumishi wa umma na wakaazi wote wa Unguja na Pemba juu ya gharama za kuomba viza kwa ajili ya matembezi, masomo na kazi katika nchi za nje.

Mara nyingi mtu anayepanga safari huuliza swali moja tu: "Viza bei gani?" Swali hilo halitoshi. Viza haiuzwi. Kinacholipiwa ni kazi ya kupokea na kuchunguza maombi, na kazi hiyo hulipiwa kiasi kile kile, jibu likiwa ni ndiyo au likiwa ni hapana. Asiyelifahamu jambo hili huweza kuuza shamba la mikarafuu au kukopa kwa jamaa, na barua ya kukataliwa ikija akabaki hana safari wala fedha, na deni liko pale pale.

MAFUNGU MATATU YA GHARAMA

Inafaa kila mwombaji azigawe gharama zake katika mafungu matatu.

Fungu la kwanza ni fedha zisizorudi. Humo mna ada ya maombi, malipo ya kituo kinachopokea maombi kwa niaba ya ubalozi, tarjuma ya vyeti, vipimo vya afya, na nauli na malazi ya kufuata ubalozi. Balozi nyingi ziko Dar es Salaam, kwa hivyo mkaazi wa Wete au Makunduchi ana gharama ambayo mkaazi wa Dar es Salaam hana. Zipo nchi chache, zikiwemo Oman, India na China, zenye ubalozi mdogo hapa Zanzibar. Ni vyema kuuliza huko kwanza kabla ya kupanda boti.

Fungu la pili ni fedha zinazolipwa mapema lakini hurejeshwa, zote au sehemu yake, iwapo maombi yatakataliwa. Masharti ya marejesho yasomwe kabla ya kulipa, si baada yake.

Fungu la tatu ni fedha za kuonyeshwa. Hizi hazilipwi kwa ubalozi. Mwombaji hutakiwa kuthibitisha kwamba anazo, ili ijulikane ataweza kujikimu. Kwa wengi fungu hili ndilo kubwa kuliko yote, na ndilo linalosahauliwa zaidi.

Kabla ya mafungu hayo yote iko pasi ya kusafiria yenyewe. Pasi ya kielektroniki ilizinduliwa nchini Januari 2018, na ada yake iliwekwa kuwa shilingi 150,000.

VIZA YA MATEMBEZI

Tuchukue mfano wa nchi 29 za Ulaya zinazotumia viza moja ya Schengen, ambayo humruhusu mgeni kukaa siku zisizozidi 90 katika kila kipindi cha siku 180. Ada yake ilikuwa yuro 80 tangu Februari 2020, na tarehe 11 Juni, 2024 ilipandishwa hadi yuro 90. Mtoto aliyefikia umri wa miaka 6 lakini hajafika 12 hulipiwa yuro 45, na aliye chini ya miaka 6 halipiwi kitu. Basi baba, mama, mtoto wa miaka 9 na mtoto wa miaka 4 watalipa 90 na 90 na 45, jumla yuro 225. Hizo ni za fungu la kwanza, wakikataliwa hazirudi.

Juu ya ada hiyo inatakiwa bima ya safari yenye kinga isiyopungua yuro 30,000. Kiasi hicho ni kiwango cha matibabu ambacho bima itagharamia, wala si bei ya kuinunua. Bei ya bima yenyewe hutegemea umri wa msafiri na siku za safari, na kampuni za bima hutofautiana katika kurejesha fedha pale viza inapokataliwa.

Yapo mambo mawili yanayopunguza gharama ambayo wengi hawayajui. Kwanza, alama za vidole zilizochukuliwa kwa viza ya Schengen huweza kutumika tena kwa maombi mengine katika muda wa miezi 59. Aliyekwisha kuzitoa aulize kama analazimika kufika tena mwenyewe, huenda akaokoa nauli. Pili, wanafunzi wanaokwenda kwa ziara ya masomo au mafunzo, pamoja na walimu wanaofuatana nao, wamesamehewa ada ya viza hii. Skuli inayopeleka wanafunzi Ulaya iandike jambo hilo wazi katika barua yake. Msamaha huo ni wa ada ya viza. Malipo ya kituo cha kupokelea maombi yaulizwe mbali.

Maombi hupokelewa kuanzia miezi 6 kabla ya safari hadi siku 15 kabla yake. Uamuzi kwa kawaida hutolewa ndani ya siku 15, lakini huweza kufika siku 45. Anayechelewa hujikuta amenunua tiketi asiyoweza kuitumia.

VIZA YA MASOMO

Hapa tutatumia mfano wa Uingereza, kwa kuwa mafungu yote matatu yanaonekana ndani yake.

Ada ya viza ya mwanafunzi anayeomba akiwa nje ya Uingereza ilipandishwa mwezi wa Aprili 2025 kutoka pauni 490 hadi pauni 524. Pia iko ada ya huduma za afya, ambayo mwanafunzi hulipa kwa muda wote wa viza yake kwa mkupuo mmoja, kabla ya kupewa jibu. Ada hiyo ilipoanza Aprili 2015 ilikuwa pauni 150 kwa mwaka kwa mwanafunzi. Januari 2019 ikawa 300, Oktoba 2020 ikawa 470, na Februari 2024 ikawa 776. Mtu anayepanga safari kwa hesabu ya ndugu yake aliyesafiri miaka 6 iliyopita atakuwa amekosea sana.

Tumchukue mwombaji wa shahada ya pili ya mwaka mmoja, chuo kikiwa nje ya London, aliyepeleka maombi katikati ya mwaka 2025. Viza yake huongezewa miezi michache baada ya masomo, hivyo muda wake huzidi miezi 12 bila ya kuzidi 18, naye hulipa ada ya afya ya mwaka mmoja na nusu. Hesabu yake ilikuwa hivi:

Ada ya maombi: pauni 524. Fungu la kwanza.
Ada ya huduma za afya: pauni 1,164. Fungu la pili, kwa kuwa hurejeshwa maombi yakikataliwa.
Fedha za kujikimu, pauni 1,136 kwa mwezi kwa miezi 9: pauni 10,224. Fungu la tatu.

Katika fungu la tatu huongezwa pia ada ya chuo ya mwaka wa kwanza ambayo bado haijalipwa. Fedha zote hizo sharti ziwe zimekaa benki kwa siku 28 mfululizo bila ya kupungua hata siku moja, na siku ya mwisho ya hesabu hiyo isiwe imepitwa na zaidi ya siku 31 maombi yanapopelekwa.

Tarehe 11 Novemba, 2025 kiwango cha kujikimu nje ya London kilipandishwa hadi pauni 1,171 kwa mwezi, yaani pauni 10,539 kwa miezi 9. Aliyekuwa ameweka akiba ya pauni 10,224 na akachelewa kuomba alijikuta amepungukiwa na pauni 315. Upungufu kama huo unatosha kumkosesha mtu viza na kumpotezea ada yake ya maombi.

Jambo jengine linahusu desturi yetu. Kwetu sisi ami, mjomba au kaka mkubwa ndiye mara nyingi anayemsomesha kijana. Lakini kwa viza ya mwanafunzi ya Uingereza, akaunti inayokubaliwa ni ya mwombaji mwenyewe, ya mzazi au mlezi wake wa kisheria, au ya mume au mke wake. Akaunti ya mjomba haikubaliwi, hata ikiwa imejaa. Jamaa anayetaka kusaidia aziingize fedha mapema katika akaunti ya kijana au ya mzazi, na siku 28 zihesabiwe tangu hapo. Akaunti ikiwa ya mzazi, itahitajika cheti cha kuzaliwa cha kijana na barua ya mzazi ya kuridhia. Cheti kilichoandikwa kwa Kiswahili kifuatane na tarjuma ya Kiingereza iliyothibitishwa.

Anayekwenda Uingereza kutoka Tanzania kwa zaidi ya miezi 6 hutakiwa pia kuwa na cheti cha kupimwa kifua kikuu kutoka kliniki inayotambuliwa. Cheti hicho hudumu kwa miezi 6 tu. Anayepima mapema mno huweza kulazimika kupima na kulipa tena.

Zipo pia huduma za haraka. Mwombaji wa Uingereza aliweza kulipa pauni 500 zaidi ili apate uamuzi mapema. Malipo hayo hununua muda tu. Hayaongezi uwezekano wa kukubaliwa, wala hayarudi kwa sababu ya kukataliwa.

VIZA YA KAZI

Katika viza ya kazi swali la kwanza si "kiasi gani" bali "nani anayepaswa kulipa". Mkataba Namba 181 wa Shirika la Kazi Duniani, uliopitishwa mwaka 1997, unaweka kanuni kwamba wakala wa ajira asimtoze mfanyakazi ada wala gharama, moja kwa moja au kwa njia ya kuzunguka. Kwa Oman, kibali cha kumwajiri mgeni huombwa na mwajiri aliyeko huko. Kwa hivyo mwananchi anayeambiwa atoe fedha ili "anunuliwe viza" aulize risiti, jina la mwajiri na mkataba, na asitoe kitu mpaka avione.

Gharama huweza pia kujificha katika mshahara. Ripoti ya shirika la Human Rights Watch ya Novemba 2017, iliyohusu wafanyakazi wa majumbani kutoka Tanzania walioko Oman na Falme za Kiarabu, ilieleza habari za wafanyakazi waliotaka kuondoka kwa sababu ya mateso wakadaiwa kwanza warejeshe gharama za kuletwa. Safari iliyoonekana kuwa ya bure ikageuka kuwa deni. Mkataba usomwe kabla ya kutia saini, na upelekwe Kamisheni ya Kazi kwa ushauri. Ifahamike pia kuwa viza ya matembezi haimpi mtu ruhusa ya kufanya kazi, hata kama aliyeileta ni jamaa.

Wapo vile vile vishoka wanaouza kazi za kuhudumia wazee nchini Uingereza. Wananchi wafahamu kwamba tarehe 22 Julai, 2025 Uingereza ilifunga njia ya kuajiri wahudumu wa aina hiyo moja kwa moja kutoka nchi za nje. Anayeuza nafasi hiyo kwa mtu aliyeko Zanzibar anauza kitu ambacho hakipo. Na anayepeleka hati za kughushi, awe amezitengeneza mwenyewe au ametengenezewa na kishoka, huweza kuzuiliwa viza ya Uingereza kwa miaka 10.

KWA WATUMISHI WA UMMA

Mtumishi anayesafiri kwa kazi ya Serikali aonyeshe gharama za viza katika maombi yake ya masurufu kama kifungu peke yake, wala asizichanganye na posho ya safari. Kila risiti itunzwe, ya benki, ya kituo na ya tarjuma, ili masurufu yarejeshwe bila ya hoja ya ukaguzi. Pasi ya utumishi haiondoi haja ya viza kila mahali. Hutegemea makubaliano baina ya nchi na nchi, na ni lazima kuuliza kwa kila safari. Kwa safari za Kenya na Uganda, ambazo ni nchi wanachama wa Jumuiya ya Afrika Mashariki, Mtanzania hahitaji viza.

UTARATIBU WA KUFUATA

1. Pata kiwango cha ada kutoka tovuti rasmi ya nchi husika au ubalozi wake, na ukitazame tena siku ya kulipa.
2. Andika kila gharama chini ya fungu lake.
3. Jumlisha fungu la kwanza, kisha jiulize: fedha hizi zikipotea zote, nyumba yangu itakula? Jibu likiwa hapana, usipeleke maombi kwa fedha za mkopo.
4. Acha nafasi ya mabadiliko ya thamani ya shilingi. Kiwango cha kubadilisha anachotumia mpokea ada si lazima kilingane na cha benki yako.
5. Usinunue tiketi isiyorejeshwa kabla ya kupata jibu.
6. Lipa kwa njia rasmi tu, na udai risiti yenye jina lako.

MASWALI YA KUJIPIMA

1. Mwanafunzi amelipa pauni 524 za maombi na pauni 1,164 za afya, kisha amekataliwa viza. Atarejeshewa kiasi gani?
2. Mama mmoja anaomba viza ya Schengen pamoja na watoto wawili wa miaka 5 na 11. Atalipa ada ya yuro ngapi kwa kiwango cha Juni 2024?
3. Kijana ana barua ya chuo, na mjomba wake ana fedha za kutosha benki. Ni hatua gani ichukuliwe, na angalau siku ngapi kabla ya kuomba?

Majibu: (1) Pauni 1,164. (2) Yuro 135. (3) Fedha zihamishiwe katika akaunti ya kijana au ya mzazi wake, zikae humo siku 28 mfululizo bila ya kupungua, ndipo maombi yapelekwe.

Wakuu wa idara na masheha wanaombwa kulibandika somo hili katika mbao za matangazo na kuwasomea wasiojua kusoma.