Nadharia ya Vumbi: Ulimwengu Unaojipanga Wenyewe?

Mwaka 1994 Greg Egan, mwandishi wa Australia, alichapisha riwaya ya kisayansi iitwayo Permutation City. Mhusika wake mmoja, Paul Durham, anaamini nadharia ambayo wasomaji wanaibishania hadi leo.

Nadharia ya vumbi inadai nini hasa?

Inadai kwamba ulimwengu hauhitaji kitu cha kuuendesha. Chukua vipande vya matukio visivyohusiana, vilivyotapakaa popote na wakati wowote. Hilo ndilo vumbi. Ikiwa ipo kanuni yoyote ya kihisabati ambayo kwayo vipande hivyo vinasomeka kama maisha ya mtu anayewaza, basi mtu huyo yupo, na kwake yeye jana inatangulia leo kama kawaida. Si lazima atokee wa kuvipanga. Na kwa kuwa vumbi hilohilo linapangika kwa njia zisizo na idadi, kila ulimwengu unaowezekana upo tayari.

Durham alifikaje huko?

Kwa jaribio, na hapa ndipo riwaya inapong'ara. Ni mwaka 2045. Watu wenye fedha hutengenezewa Nakala, yaani ubongo na mwili wao huigizwa ndani ya kompyuta. Nakala ya Durham inahesabu moja hadi kumi. Mara ya kwanza kompyuta inakokotoa kila hatua kwa mfuatano. Kisha muda unakatwakatwa vipande: cha mwisho kinatangulizwa, vingine vinavurugwa, vingine vinatawanywa kwenye mashine zilizo mbalimbali. Nakala inaendelea moja, mbili, tatu, bila kuhisi lolote. Durham anahitimisha kwamba kama mfuatano wa nje si kitu kwa aliye ndani, basi hata kompyuta yenyewe si kitu. Mwenzangu, karuka hatua hapo.

Hatua ipi?

Kompyuta, hata ikivuruga mfuatano, ina programu inayokilazimisha kila kipande kiwe jinsi kilivyo. Ukiiuliza Nakala swali jingine, itajibu vingine. Vumbi halina uwezo huo. Ni kama nikupe gazeti la leo pamoja na kanuni niliyoitunga mwenyewe ya kubadili kila neno, halafu niape kwamba humo mna barua ya bibi yako. Barua imo kwenye kanuni yangu, haimo gazetini.

Ubishi huu wanafalsafa waliukuta zamani. Mwaka 1988 Hilary Putnam wa Marekani alijenga hoja kwamba, tukilegeza masharti, kitu chochote cha kawaida kinaweza kusemwa kuwa kinaendesha programu yoyote. Hakuwa anatetea miujiza. Alitaka kuonyesha kwamba kuieleza akili kwa lugha ya programu peke yake hakutoshi. David Chalmers alimjibu mwaka 1996: kinachohesabika kuwa kinaendesha programu lazima kiwe na mnyororo wa sababu na matokeo, pamoja na jinsi ambavyo kingetenda hali zingekuwa tofauti. Mimi niko upande wa Chalmers. Durham, bila shaka, angesema kwamba hata sababu na matokeo ni mpangilio tu unaoonekana kutoka ndani, na hapo mazungumzo yanakwama.

Kwa hiyo haikanushiki?

Egan mwenyewe amewahi kuandika kwamba hajasikia kanusho la kimantiki lililomridhisha. Hata hivyo anaikataa, na sababu yake ndiyo ninayoiona nzito kuliko zote: dunia yetu ina utaratibu kupita mahitaji. Kama kila mpangilio upo, basi mipangilio ambamo mtu anajitambua huku amezungukwa na vurugu tupu ni mingi mno kuliko ile yenye sheria thabiti. Tungetarajia kikombe kigeuke moshi mkononi. Badala yake, mvutano unaoangusha embe ndio huohuo unaoushika mwezi, na hidrojeni hutoa mistari ileile ya mwanga katika nyota za mbali.

Je, ni sawa na nadharia ya Max Tegmark?

Ni jamaa wa karibu. Tegmark ni mwanafizikia halisi, na tangu 1998 anadai kwamba kila muundo wa kihisabati upo kweli. Alilikuza wazo hilo katika kitabu cha mwaka 2014. Yeye anaanza na miundo mizima yenye kanuni zake, Durham anaanza na makombo. Swali la utaratibu linamsumbua yeye pia.

Nikifa, nitaendelea kuishi humo vumbini?

Ndiyo ahadi Durham anayowauzia Nakala za matajiri. Anawaanzishia ulimwengu wao kwenye kompyuta kwa muda mfupi, kisha anazima, akiamini utajiendeleza wenyewe. Lakini kwa nadharia yake mwenyewe, ulimwengu huo ulikuwapo vumbini kabla hajapokea senti. Wateja wake walilipia bure.