Hukumu Iliyolala Kortini



Zamani nilidhani kesi ya madai huisha siku ile hakimu asomapo hukumu. Baba yangu mdogo ndiye aliyenitoa ujingani. Alishinda kesi ya shamba, akatuchinjia jogoo. Na miaka minne baadaye yule aliyeshindwa alikuwa angali akivuna mihogo mle mle. Kumbe hukumu haina miguu. Mshindi hana budi kurudi kortini na ombi jingine, la kukaza hukumu, ili korti imtoe mtu katika ardhi au ikamate mali yake. Ombi hilo ndilo linalolala.

Taabu hii Uhindi waijua sana, nasi yatuhusu, maana sheria yetu ya mwenendo wa madai hapa Uganda ilifuata mfano wa ile ya kwao. Mwaka 2021 Mahakama yao ya juu kabisa, iliyoko New Delhi, iliagiza kila ombi la kukaza hukumu limalizwe kwa miezi 6. Hakimu akichelewa, aandike sababu. Wengi hawakutii. Mwezi Machi 2025 ikaja mbele yake kesi ya ardhi ya Tamil Nadu iliyofunguliwa mwaka 1986, na washindi wangali wakibisha hodi. Majaji wakaziamuru Korti Kuu za majimbo zihesabu maombi yote yaliyolala katika korti za chini, kisha zihimize yamalizwe kwa miezi 6. Mwezi Oktoba hesabu ikaletwa: yaliyomalizwa 338,685; yaliyobaki 882,578! Wakaongeza miezi 6 mingine.

Angalieni hapa, kwani wengi hukosea. Jaji wa juu hamwambii hakimu aamue nini. Amwambia aamue lini. Tena haraka nayo ina hatari yake. Pengine ndani ya shamba yumo mtu wa tatu, mwenye haki yake, ambaye hakuitwa katika kesi. Huyo asikilizwe. Lakini wako pia wanaoletwa makusudi na mdaiwa wapige kelele ili miaka ipite, na kuwatambua ndiyo kazi ngumu ya hakimu.

Baba mdogo aliingia shambani mwake mwaka wa saba. Mihogo ilikuwa imekwisha kung'olewa yote.