Gazeti la Ukutani na Mhariri Mwanafunzi

Ngũgĩ wa Thiong'o, alipokuwa mwanafunzi wa Makerere, alimsimamisha mwenzake Jonathan Kariara, aliyeshughulikia jarida la Penpoint, akamwambia kwamba ameandika hadithi fupi. Hadithi yenyewe ilikuwa bado haijaandikwa! Neno lilikwisha kumtoka. Ikambidi aiandike, na mwaka 1960 jarida likaichapisha.

Mwalimu atakayefundisha Lushoto azingatie kwamba aliyeombwa kuisoma hakuwa mwalimu. Insha za darasa la tano huandikiwa kalamu nyekundu, kisha huishia kabatini. Basi bandika karatasi ya manila ukutani, uteue wahariri wawili miongoni mwa wanafunzi, nao wadai makala kwa wenzao: habari za soko la Soni, za msitu wa Magamba, za miti ya matunda nyumbani. Wewe sahihisha baada yao, kwa penseli. Neno la Kishambaa likitokea, usilifute upesi. Muulize mwandishi alikusudia nini.

Wahariri wakikataa makala, wamweleze mwenyewe sababu. Hapa ndipo penye ugumu, maana mtoto aliyekataliwa kimya kimya huenda asiandike tena. Toleo la kwanza likipata makala tatu tu, libandikwe hivyo hivyo.