Robert Boyle na Siri ya Dhahabu

Somo: Matendo ya Mitume 8:9–24



Katika somo hili tunamwona Simoni mchawi akiwatolea Mitume fedha ili auziwe kipawa cha Mungu. Kosa lake ni wazi. Leo tumtazame pia mtu ambaye si rahisi kumhukumu, tena muumini wa Kanisa letu la Anglikana.

Robert Boyle alizaliwa Lismore, Ireland, mwaka 1627. Wanafunzi wa sekondari wanaijua kanuni yake ya mwaka 1662: hewa ikibanwa hata ujazo wake ukawa nusu, nguvu yake ya kusukuma huwa maradufu, maadamu joto halikubadilika. Lakini wengi hawakuambiwa kwamba bwana huyu alishughulika na alkemia kwa muda wa miaka kama arobaini. (Neno kemia, tunalolifundisha bila wasiwasi, limetokana na alkemia.) Aliamini kwamba madini duni yaweza kugeuzwa kuwa dhahabu, na majaribio yake mengine aliyaandika kwa maneno ya siri. Mwaka 1689 alisaidia kufutwa kwa sheria ya zamani ya Mfalme Henry wa Nne iliyokataza kuzidisha dhahabu na fedha.

Hata mwenye elimu hudanganywa. Katika miaka ya 1677 na 1678 Mfaransa mmoja, Georges Pierre, alimwandikia kwamba kipo chama cha siri cha wajuzi wa alkemia, naye atamwingiza. Boyle akapeleka darubini, saa na vitambaa vya thamani. Zawadi zilikwenda, siri haikuja.

Hata hivyo palikuwa na mpaka ambao hakuuvuka. Alimsimulia Askofu Gilbert Burnet kwamba aliwahi kupewa nafasi ya kuzungumza na roho, akakataa kwa kumcha Mungu. Wala haikuwa rahisi kwake. Alitamani sana kupata ushahidi wa kuwajibu wale wasemao kwamba hakuna Mungu wala malaika, na ushahidi wenyewe ukawa mlangoni. Kwa maoni yetu, kukataa huko kunamweleza kuliko kanuni ya hewa.

Fedha zake nazo zilifanya kazi. Alisaidia kuchapishwa kwa Injili na Matendo katika Kimalai mwaka 1677, kisha Agano Jipya la Kiirish mwaka 1681 na Agano la Kale mwaka 1685. Alifariki London tarehe 31 Desemba 1691, akiacha paundi 50 kila mwaka kwa mahubiri ya kuitetea imani. Richard Bentley alianza kuyatoa mwaka 1692.

Katika vikundi vyenu jadilianeni: Simoni na Boyle wote walitamani yaliyofichika, walitofautiana wapi? Na jirani aliyeahidiwa kwamba fedha zake zitazidishwa usiku mmoja, tumwambie nini kabla hajazitoa?