'Asha' si Kosa: Maana na Asili ya Jina Fupi la Kike katika Kiswahili

Ikisiri

Makala haya yanachunguza jina Asha, mojawapo ya majina mafupi ya kike yanayosikika sana katika upwa wa Afrika Mashariki. Tunaonyesha kwamba jina hili lina asili moja na jina la Kiarabu Aisha, na kwamba ufupisho wake haukutokea kiholela, bali unafuata mkondo ule ule wa matamshi uliozaa Fatma na Amna. Tunahitimisha kwa kudai kwamba Asha ni jina kamili la Kiswahili, na kwamba mazoea ya 'kulisahihisha' katika madaftari na hati ni kosa la kiisimu na pia la kijamii.

1.0 Utangulizi

Wahenga walinena kwamba jina jema hung'ara gizani. Hawakutuambia, hata hivyo, ni jina lipi linalong'ara pale mtu mmoja anapokuwa na majina matatu. Tuchukue mfano wa msichana wa pwani ambaye nyumbani anaitwa Asha, katika madrasa anaandikwa Aisha, na katika cheti chake cha kuzaliwa ni Mwanaisha. Siku atakapokwenda kuomba kitambulisho, karani atamwuliza hawa watu watatu ni akina nani. Huenda akalazimika kula kiapo kwamba wote ni yeye mmoja.

Nyuma ya usumbufu huo wa afisini mna swali linalotuhusu sisi wanafunzi wa lugha: je, Asha ni jina, au ni Aisha lililotamkwa vibaya? Wapo wanaoshikilia kwamba ni jina lililoharibika, na kwamba mtu aliyesoma hana budi kulirudisha katika usahihi wake. Katika makala haya tunapinga msimamo huo, na hoja zetu zimejengwa juu ya fonolojia, mofolojia na desturi ya utoaji majina.

2.0 Asili na Maana

Aisha ni neno la Kiarabu linalotokana na mzizi wa konsonanti tatu: ain, ya na shin. Mzizi huu hubeba dhana ya kuishi. Kisarufi, neno lenyewe ni jina la mtendaji katika hali ya kike, hivyo maana yake ni 'aishiye' au 'aliye hai'. Mzazi amwitaye bintiye jina hili huwa, kwa hakika, amemwombea uhai.

Mzizi huo huo umetupa kitenzi -ishi na nomino maisha. Neno maisha linastahili kutazamwa kidogo. Katika Kiarabu, sauti m iliyo mwanzoni mwake ni sehemu ya uundaji wa nomino. Kiswahili kiliisikia kama kiambishi ma- cha ngeli ya wingi, ndiyo maana tunasema 'maisha yangu' na si 'maisha wangu'. Basi Asha, -ishi na maisha ni ndugu wa tumbo moja.

Umaarufu wa jina unatokana zaidi na historia kuliko maana. Bibi Aisha binti Abubakar, mke wa Mtume Muhammad, alifariki mwaka wa 678. Anaheshimiwa na Waislamu wa madhehebu ya Sunni kama Mama wa Waumini, na amepokewa hadithi zaidi ya 2,000. Kutokana naye, jina lilisambaa popote Uislamu ulipofika, na kila lugha ikalivisha vazi lake. Waturuki husema Ayşe, Wasomali Caasha (herufi c katika maandishi yao huwakilisha sauti ya ain), na katika Afrika Magharibi kuna Aïssatou na Aishatu, ambayo yamehifadhi silabi ya mwisho ya Kiarabu fasaha ambayo sisi hatunayo. Hakuna anayemwambia Mturuki kwamba Ayşe ni kosa. Kwa nini Mswahili aambiwe?

3.0 Safari ya Kimatamshi

3.1 Kudondoka kwa ain

Hatua ya kwanza ni kupotea kwa ain, sauti ya kooni ambayo haimo katika fonimu za Kiswahili. Hili si jambo la Asha pekee. Tumelifanya katika akili, elimu, umri, ibada na Arabu, maneno ambayo yote huanza kwa ain katika Kiarabu. Hakuna mwalimu anayetia wino mwekundu juu ya neno 'elimu' kwa sababu halina ain. Kadhalika, kipasuo cha koo kilichomo katikati ya Aisha kimedondoka kama kilivyodondoka katika faida.

3.2 Mkazo na kudondoka kwa irabu i

Hatua ya pili ndiyo kiini cha hoja yetu. Katika Kiarabu, mkazo wa jina Aisha huwa juu ya silabi ya kwanza, ambayo irabu yake ni ndefu. Katika Kiswahili, mkazo huwekwa juu ya silabi ya pili kutoka mwisho. Tukilitamka jina kwa silabi tatu, A-i-sha, mkazo unahama na kuangukia i. Lakini irabu hiyo ikidondoka, jina linabaki na silabi mbili, A-sha, na mkazo unarudi pale pale ulipokuwa katika Kiarabu. Kwa maneno mengine, Asha imepoteza irabu lakini imehifadhi mkazo, ilhali Aisha ya Kiswahili imehifadhi irabu na kupoteza mkazo. Nani basi aliye karibu zaidi na asili?

Msomaji anaweza kudhani kwamba huu ni mfano wa pekee. La hasha. Tutazame majina mengine mawili ya kike yenye muundo huo huo katika Kiarabu, yaani silabi ya kwanza yenye irabu ndefu na mkazo, ikifuatwa na irabu fupi i:

(a) Aisha – Asha
(b) Fatima – Fatma
(c) Amina – Amna

Katika jozi zote tatu, irabu inayodondoka ni i isiyokuwa na mkazo katika Kiarabu. Hata nje ya majina ya watu tunakutana na jozi hatima na hatma, ambazo zina muundo ule ule. Huu basi ni utaratibu, wala si ulegevu wa ulimi.

Hapa pana jambo jingine la kuvutia. Fatma imerudisha mkazo mahali pake, lakini imezaa silabi funge, Fat-, ambayo ni ngeni kwa muundo wa Kibantu unaopendelea silabi zinazoishia kwa irabu. Wasemaji wengine wakachagua Fatuma: silabi zote ni wazi, na i imegeuka u karibu na m, sauti ya midomo, lakini mkazo umehama na kuangukia -tu-. Fatma ilichagua mkazo, Fatuma ikachagua silabi wazi. Asha haikulazimika kuchagua. Ina mkazo wa asili na silabi wazi kwa pamoja. Kwa kigezo hiki, hakuna jina la kupokewa lililokaa vyema katika kinywa cha Mswahili kuliko hili.

Ni haki tuongeze kwamba lahaja za Kiarabu cha mazungumzo nazo hudondosha irabu hiyo fupi, na kwamba umbo la Wasomali linakaribiana mno na letu. Hatudai kwamba Waswahili peke yao ndio waliolifupisha jina. Tunalodai ni kwamba umbo hili lilikubalika kwa kuwa liliafikiana na kanuni za Kiswahili.

3.3 Umbo Esha

Katika baadhi ya sehemu za pwani ya Kenya husikika pia Esha. Umbo hili limezaliwa kwa muungano wa irabu a na i kuwa e. Kanuni hii tunaifahamu kutoka katika sarufi yetu: ma + ino huwa meno, na wa + ingi huwa wengi. Vilevile maneno ya Kiarabu yenye ay yamepata e katika Kiswahili: khayr imekuwa heri, na jina la kiume Sayf limekuwa Sefu. Anayemcheka Esha na amcheke Sefu pia.

4.0 Njia Tatu za Kufupisha

Ufupisho wa jina hili haukuanzia kwetu. Imepokewa katika hadithi kwamba Mtume mwenyewe alimwita mkewe kwa kulikata jina mwishoni, akisema 'Aish'. Wanasarufi wa Kiarabu huuita mtindo huu tarkhim, nao hutumika katika kumwita mtu, aghalabu kwa upendo.

Tukilinganisha, tunapata njia tatu. Kiarabu hukata mwisho wa jina (Aish). Kihausa kina Shatu, ambapo mwanzo wa Aishatu umeachwa. Kiswahili kimetoa katikati na kubakiza kichwa na mkia (Asha). Hata hivyo, Kiswahili hakifuati njia hii kila mara. Hadija hufupishwa kuwa Dija, na Fatuma kuwa Tuma, kwa kuacha silabi ya mwanzo isiyo na mkazo. Ukitazama kwa makini utaona kwamba kanuni ni moja: silabi yenye mkazo haiguswi.

Tofauti iliyopo ni ya hadhi. Dija na Tuma yamebaki kuwa majina ya mapenzi, ya nyumbani na miongoni mwa marafiki. Asha limepanda daraja: mtoto hupewa tangu kuzaliwa, nalo huandikwa katika hati rasmi. Dkt. Asha-Rose Migiro wa Tanzania, aliyekuwa Naibu Katibu Mkuu wa Umoja wa Mataifa kati ya 2007 na 2012, alilibeba hadi New York, tena likiwa limeunganishwa na jina la Kizungu.

5.0 Mwana + Asha

Mofolojia nayo inatoa ushahidi. Katika utamaduni wa Waswahili, Mwana ni neno la heshima kwa mwanamke, kama tunavyoona katika jina la Mwana Kupona binti Mshamu, mtunzi wa utendi wa mwaka wa 1858 aliousia bintiye, Mwana Hashima. Hapa Mwana haina maana ya 'mtoto' bali 'bibi'. Neno hili limeungana na maumbo yote matatu na kuzaa Mwanaisha, Mwanaesha na Mwanasha.

Mwanaisha limeleta tafsiri nyingi potovu. Wapo wanaosema maana yake ni 'mwana aliyezaliwa wakati wa isha', na wapo wanaolihusisha na kitenzi kwisha, kana kwamba mtoto alizaliwa ili uzazi ukome. Tunapaswa kutofautisha mambo matatu. Isha ya sala ya usiku inatokana na mzizi mwingine wa Kiarabu. Kwisha ni kitenzi cha Kibantu. Isha iliyomo katika Mwanaisha ni mabaki ya Aisha, baada ya irabu mbili za a kukutana na kuwa moja. Ni ajabu ya lugha kwamba jina la uhai limefanana na kitenzi cha kukoma.

6.0 Kufanana Bila Udugu

Mtafiti wa majina hana budi kujihadhari na mfanano. Katika darasa moja la Nairobi wanaweza kuketi wasichana wawili waitwao Asha wasiokuwa na uhusiano wowote wa kijina. Mmoja ni Asha wetu, na mwingine ana asili ya Kihindi; jina lake latokana na Kisanskriti na maana yake ni 'tumaini', kama la mwimbaji Asha Bhosle. Mwimbaji wa Nigeria ajulikanaye kama Aṣa, jina linalotamkwa Asha, amelitoa katika Kiyoruba, ambako ni ndege aina ya kipanga. Hali kadhalika, neno ashiki halina udugu na Asha, kwa kuwa mzizi wake ni mwingine. Wala si kila jina lenye silabi mbili ni ufupisho: Salma si Salima lililokatwa, bali ni jina kamili la Kiarabu tangu kabla ya Uislamu.

Tahadhari hii yahusu pia vitabu vya majina vinavyouzwa ng'ambo, ambavyo hudai kwamba 'Asha ni neno la Kiswahili lenye maana ya maisha'. Hakuna Mswahili asemaye 'asha yangu' akikusudia 'maisha yangu'. Asha ni jina la Kiswahili. Si nomino ya kawaida ya Kiswahili.

7.0 Jina na Somo Wake

Hadi hapa tumezungumzia maana ya kietimolojia. Iko maana nyingine ambayo kamusi haiitoi. Mara nyingi mtoto hupewa jina la nyanyake. Wawili hawa huitana somo, na mara nyingi bibi humpenda somo wake kwa pendo la pekee. Mtoto aliyeitwa Asha kwa ajili ya bibi Asha habebi tu dhana ya 'aliye hai', bali anamfanya bibi huyo aendelee kuwa hai katika vinywa vya watu wa nyumba yake.

Sasa fikiria mwalimu anayechukua daftari la mtoto huyo siku ya kwanza shuleni, akalikata jina Asha na kuandika juu yake Aisha. Nia yake ni njema. Amedhani anarekebisha tahajia, kumbe amekata uzi kati ya mjukuu na nyanyake. Miaka kumi baadaye, uzi huo uliokatwa ndio utakaomsimamisha msichana mbele ya karani akieleza kwamba yeye si watu watatu.

8.0 Hitimisho

Tumeonyesha kwamba Asha limetokana na mzizi wenye maana ya kuishi. Kwamba kudondoka kwa ain na irabu i kunafuata taratibu zinazoonekana katika maneno na majina mengine. Na kwamba jina hili limekubali viambatanisho vya Kiswahili na desturi za Waswahili. Anayeliita kosa hana budi, kwa mantiki hiyo hiyo, kuyaita makosa maneno elimu, heri na maisha, na akimaliza atakuwa amebakiwa na lugha kiduchu sana.

Wito wetu kwa wanafunzi wenzetu ni mwepesi. Wengi wetu tutakuwa walimu. Tutakapopokea orodha ya majina darasani, tumwulize kila mtoto anavyoitwa kwao, kisha tuliandike jina hilo jinsi lilivyo.

Maswali ya Mjadala

1. Kusanya majina matano ya kike yenye asili ya Kiarabu katika eneo lako. Ni silabi ipi inayodondoka katika ufupisho wa kila mojawapo, na mkazo uko wapi?
2. 'Fatuma ni jina la Kiswahili zaidi kuliko Fatma.' Jadili kwa kurejelea muundo wa silabi.
3. Je, jina la mapenzi hugeuka lini kuwa jina rasmi? Toa mifano kutoka lugha yako ya mama.